Gauni la Buluu la Mama Eulalia

Saa saba mchana mkahawa wa Studio ya Corvane haukuwa na pa kupita. Mfalme wa Roma alikuwa akigombea chumvi na mchunga ng'ombe, watawa wawili wa kike walikuwa wakivuta sigara karibu na dirisha, na hakuna aliyewatazama mara mbili. Hollywood ya mwaka ule ilikuwa imeshazoea kila kitu isipokuwa kuona haya. Haya haikuwahi kuwa nayo.

Kwenye sahani ya mwisho pale kaunta kilibaki kipande kimoja cha pai ya cheri. Mkono wa mwanamke ulikidaka, na mkono wa mwanamume ukatua juu yake.

"Samahani, dada. Hicho ni changu."

"Kimeandikwa jina lako?"

"Nimekiona tangu nikiwa mlangoni."

"Wewe ulikuwa unatazama, mimi nikachukua. Tumalize hapo. Mkono wako huo, tafadhali."

Aliutoa. Alikuwa kijana mwembamba mwenye nywele zisizosikia chanuo, suti ya kahawia iliyopauka magotini na tai ya buluu. Akamtazama yule mwanamke usoni, akashtuka.

"Unaumwa manjano?"

Oralia Montaño akacheka mpaka nusura pai imponyoke. Uso wake wote ulikuwa umepakwa rangi ya chungwa lililoiva, midomo kahawia, na gauni lake lilikuwa la kijani lenye marinda mekundu yaliyomshika kiunoni. "Huu ndio uzuri wa kisasa, kaka. Kwenye picha ya rangi mimi nitatoka kama pichi. Wewe na uso wako huo utatoka kama maiti."

"Na tai yangu?"

"Hiyo watakuvua mlangoni. Buluu haitakiwi. Kamera zao zinajua nyekundu na kijani tu. Buluu ikipita mbele yake inageuka rangi ya maji ya kuoshea vyombo. Wewe ni mgeni?"

"Nimeletwa kutoka New York. Natunga nyimbo. Mendel Zeller."

"Basi Mendel Zeller, kaa hapa. Nitakupa nusu, kwa kuwa unatia huruma."

Wakala pai moja kwa uma mbili. Alimweleza kwamba anacheza katika kundi la wasichana wa nyuma, wale wanaoinua miguu pamoja na kucheka pamoja, kwenye sinema mpya iitwayo "Tucheke Wenyewe". Matangazo yalikuwa yamebandikwa mji mzima: Hollywood inajicheka yenyewe, kwa nyimbo, kwa sauti, kwa rangi! Mendel alikuwa ameajiriwa kwa sinema hiyo hiyo.

"Nimeisoma hadithi yake," alisema, macho yanamng'aa. "Inawapiga wakubwa wote. Tajiri wa studio asiyejua kusoma, mwongozaji mpumbavu mwenye kiburi. Sijapata kuona ujasiri kama huo."

Oralia akafuta midomo. "Ngoja wakubwa waisome na wao," akasema.

*

Kwao Oralia hakukuwa na simu. Ilikuwa chini, kwenye duka la mboga la Bwana Sarkisian, mtaa wa Boyle Heights, na Bwana Sarkisian hakuwahi kumwachia mteja wake azungumze peke yake.

"Oralia! Yule wako wa piano!" alikuwa akipaza sauti ngazini, na Oralia akishuka mbio, kandambili mkononi.

"Halo?"

"Malkia wa machungwa, hujambo?"

"Sijambo, maiti wangu. Umekula?"

"Nimekula supu ya mwenye nyumba. Bado ninaomboleza."

"Pole. Bwana Sarkisian anacheka."

"Anasikia?"

"Nasikia kila kitu," Bwana Sarkisian alisema akipima vitunguu. "Mwambie aje aoe, simu yangu ipumue."

Hivyo ndivyo mapenzi yao yalivyokua, mbele ya vitunguu na mashahidi. Jumapili walikuwa wakikutana kwenye bustani ya Hollenbeck, ng'ambo ya kanisa. Oralia hapo alikuwa amenawa rangi yote, uso wake wa asili wa kahawia umepumzika, gauni la pamba jeupe na kitambaa cha shingoni alichodarizi mama yake. Mendel alimpenda zaidi bila ile rangi, na alimwambia hivyo kila Jumapili, na kila Jumapili Oralia alijifanya hasikii ili arudie.

Jumapili moja alikuja tena na ile tai ya buluu. Oralia akaishika nchani, akaizungusha na kuizungusha kidoleni.

"Nini, mpenzi?"

"Rangi hii. Mama ana gauni la rangi hii hii. Sijawahi kumwambia mtu."

Akamweleza. Alikuwa na miaka kumi na sita, mara yake ya kwanza kwenda kuomba kazi studio. Mama yake, Eulalia, alikataa binti aende peke yake kwa wanaume wasiomjua. Akajishonea gauni la buluu, pindo limedariziwa maua, kwa sababu aliona si adabu kwenda mbele ya mabwana wakubwa na nguo za kufulia. Walipofika, mwongozaji na wenzake walikuwa wamekaa wamenyoosha miguu. Wakamtazama mama kuliko binti. Mmoja, kijana mwenye suruali nyeupe, akauliza, "Na wewe, mama, huchezi?"

"Mama akadhani ni sehemu ya mtihani," Oralia alisema. "Akaogopa akikataa nitakosa. Akacheza ngoma ya kwao Jalisco, kule Meksiko. Akainua pindo kwa mikono miwili, hivi, visigino vinagonga mbao. Wakacheka, Mendel. Wakaanguka kwenye viti. 'Ongeza, mama, ongeza!' Naye akaongeza. Jasho likamlowesha gauni mgongoni. Mimi nimesimama pembeni, nimeuma ulimi mpaka damu. Mwisho akawainamia kwa heshima, kama anawashukuru. Nikapewa kazi siku hiyo hiyo."

Mendel akamshika mkono.

"Sikia basi lililobaki. Mama anasimulia mtaa mzima kwamba wale mabwana walifurahi mpaka machozi. Anasimulia mpaka leo. Hajui kwamba alichekwa, na hatajua. Nikiwa hai, hatajua. Unanielewa?"

"Naapa, roho yangu. Sitamwambia mtu."

"Yule wa suruali nyeupe ndiye Harlan Pruitt."

Ndiye huyo huyo aliyekuwa akiongoza "Tucheke Wenyewe". Oralia alicheza mbele yake kila siku, na yeye hakuwahi kumkumbuka. Watu wa namna ile hawakumbuki. Kumbukumbu wanawaachia waliochekwa.

*

Mendel kiapo hakukivunja kwa kukisema. Alikivunja kwa namna yake, na watunga nyimbo tu ndio wawezao kukosea hivyo: aliona kuimba si kusema. Juma lile hakulala vizuri. Alikaa kwenye kile kibanda cha mbao walichowekewa watunzi, akapiga piano ya studio, na wimbo ukamjia wote, polepole, mzito, wa kumheshimu mama aliyecheza kwa ajili ya mwanawe, hata yale maneno ya "ongeza, mama" yamo. Aliona ndio zawadi kubwa kuliko zote. Alitaka Oralia auimbe yeye mwenyewe, mbele, peke yake, atoke kwenye lile kundi la nyuma.

Na kwa sababu hakuna mtunzi awezaye kukaa na wimbo mzuri bila kumpigia mtu ausikie, alimpigia Harlan Pruitt, yule yule, kwa kuwa ndiye pekee mwenye uwezo wa kumtoa Oralia mbele.

Pruitt alisikiliza amefumba macho. Alikuwa bado anavaa suruali nyeupe, ila sasa tumbo lilikuwa limeitangulia. Wimbo ulipoisha alijipiga paja.

"Zeller, hiki ni kichekesho cha mwaka! Mama mzima, anacheza mbele ya mwongozaji! Nani huyo mjinga aliyemfanyia hivyo?"

Mendel alimtazama asiamini masikio yake. "Si kichekesho, bwana. Ni wimbo wa heshima, na Oralia wa kundi la nyuma ndiye..."

"Tumwachie huyo Oralia auimbe? Sawa, sawa, tutaona. Niachie karatasi."

Mendel akaiacha. Mkataba wake ulisema kila noti iliyopigwa kwenye piano ya studio ni mali ya studio, lakini hilo halikumjia akilini. Alitoka anapiga mluzi, ameshikilia ile "sawa, sawa" tu, mjinga wa watu. Hakumwambia Oralia lolote. Alitaka iwe bahati ya ghafla.

Kumbe wakati huo wakubwa walikuwa wameshaisoma ile hadithi ya kuwacheka. Tajiri asiyejua kusoma akafutwa. Mwongozaji mpumbavu akageuzwa kuwa mtu mwenye huruma anayelia akimwona yatima. Ilipokwisha kukatwa na kushonwa, sinema ya kuicheka Hollywood ilikuwa imebaki bila mtu wa kuchekwa. Wakatafuta, wakampata mama wa Kimeksiko.

*

Oralia aliyajua siku ya mazoezi. Walipangwa mstari, wakaambiwa kazi yao ni kucheka: hatua nne, kicheko, hatua nne, kicheko, wote kwa mpigo mmoja. Ndipo akatoka Barney Oakes, mchekeshaji mnene kuliko wote pale Corvane, amevaa sketi pana ya rangi ya chungwa, matiti ya pamba, shungi mbili za nywele za bandia. Bendi ikapiga mbio mbio. Barney akainua pindo kwa mikono miwili, akagonga visigino. "Ongeza, mama, ongeza!" wakaimba wanaume waliokaa vitini.

Oralia akakosa hatua. Maneno yale hakuna aliyeyajua duniani ila yeye, mama yake, wale wanaume wa siku ile, na mmoja zaidi.

Mmoja huyo alikuwa kwenye piano, mweupe kama chokaa. Ilikuwa mara yake ya kwanza kusikia walivyoufanya wimbo wake. Oralia alimfikia kabla bendi haijamaliza.

"Umemuuza mama yangu."

"Oralia, sikiliza. Sikuandika hivi. Naapa kwa..."

"Usiape! Mdomo wako huo usiape tena mbele yangu. Wimbo ni wako?"

"Ni wangu, lakini walibadilisha kila kitu. Ulikuwa mzuri, ulikuwa wa kumheshimu..."

"Ulimpa nani?"

"Pruitt."

"Ulimpa Pruitt." Alicheka kicheko kikavu. "Kati ya watu wote wa mji huu. Uliniuliza?"

"Nilitaka iwe..."

"Nimekuuliza swali dogo, Mendel. Uliniuliza?"

"Hapana."

"Basi tumemaliza. Na mama yangu anaangalia kila sinema ninayocheza. Anakwenda na majirani, anakaa mbele. Atajiona pale, kwa rangi, ukubwa wa nyumba. Umeshiba sasa?"

Akaichomoa ile tai ya buluu kwenye koti la Mendel, akaitupa ndani ya piano, akarudi mstarini. Alicheka pale alipotakiwa kucheka. Wenzake walisema baadaye kwamba meno yake yalikuwa yanasaga.

Simu ya Bwana Sarkisian ikaanza kulia asubuhi na jioni.

"Anasema hayupo," Bwana Sarkisian alijibu.

"Namsikia hapo nyuma!"

"Anasema anayesikika ni pacha wake."

"Mwambie nampenda."

"Kijana anasema anakupenda," akamwambia Oralia, kisha akarudi kwenye simu. "Anasema mapenzi yako yapeleke kwa Pruitt, atakupigia makofi." Kisha akashusha sauti. "Umefanya nini, wewe? Hanunui hata pipi. Amefura, hata mimi simkaribii."

*

Jumapili Mendel akaenda mwenyewe. Oralia alikuwa kanisani. Mlango ulifunguliwa na mwanamke mfupi, mgongo umenyooka, mikono imechubuka kwa miaka ya sabuni.

"Wewe ndiye wa piano," Mama Eulalia alisema. "Mwembamba kuliko sauti yako. Ingia ule."

"Mama, nimekuja kuomba..."

"Utaomba ukiwa umeshiba."

Akamwekea maharage, tamale za unga wa mahindi zinazotoka moshi, kahawa yenye mdalasini. Kwenye ukuta, juu ya msumari, kando ya picha ya Bikira, lilitundikwa gauni la buluu limefunikwa kwa shuka safi, pindo lake tu likionekana. Mendel hakuweza kuliondolea macho.

"Unaliangalia? Hilo ndilo nililocheza nalo mbele ya mabwana wa sinema. Oralia hajakuhadithia? Walifurahi, mwanangu! Walifurahi mpaka machozi."

Chakula kikamkwama. Alikuwa amekuja kuungama, na sasa kila neno la kuungama lingekuwa kofi kwa mama huyu. Akatikisa kichwa tu. Mlango ukafunguliwa, na Oralia akasimama kizingitini na shela yake nyeusi ya kanisani.

"Toka."

"Oralia! Mgeni anakula," mama akasema.

"Akamalizie kwao. Toka, Mendel, kabla sijakumwagia hiyo kahawa."

Alimfuata mpaka ngazini. Alizungumza chini chini, mama asisikie, na kwa sababu alikuwa ananong'ona hasira yake ilitisha zaidi.

"Umemwambia?"

"Sikuweza."

"Angalau hilo hukuweza. Kesho wanapiga ile picha. Nitakwenda, kwa sababu nisipokwenda wataweka msichana mwingine na picha itapigwa vile vile. Ila wewe usinitazame. Ukinitazama nitasahau kwamba nimelelewa."

"Nifanye nini, Oralia? Niambie, nitafanya."

"Ulipotakiwa kuniuliza hukuniuliza. Sasa ndiyo unaniuliza?"

Akamfungia mlango.

*

Upigaji wa picha siku zile ulikuwa adhabu. Taa za picha ya rangi zilichoma mpaka rangi ya uso ikachuruzika. Kamera zilifungiwa ndani ya vibanda vilivyozibwa kila upande, ili mngurumo wake usiingie kwenye maikrofoni zilizofichwa kati ya vyungu vya maua. Mpiga picha mle ndani hakusikia kitu cha nje. Alitazama taa ndogo ukutani: ikiwa kijani anapiga, ikiwa nyekundu anaacha. Kila sauti ilinaswa pale pale, wimbo, bendi, kicheko. Na kamera zenyewe za rangi zilikuwa za kuazimwa. Jioni ile zilikuwa zinahamia studio nyingine, iwe isiwe.

"Leo hatukosei," Pruitt akasema. "Wasichana, nataka kicheko kinachotoka tumboni. Barney, usimwonee huruma huyo mama. Taa!"

Kengele. Kimya. Taa ya kijani.

Bendi ilitakiwa ianze na mbio zile. Wapigaji walimtazama Mendel awape ishara. Hakuwapa. Aliweka mikono kwenye piano akapiga taratibu, vile ulivyotungwa, na alipofika pa kuimba akaimba mwenyewe. Sauti yake ilikuwa mbovu, ya kukwaruza, lakini kila neno lilisikika:

"Mama aliinua pindo la gauni la buluu,
akacheza mbele yao, shingo yake iko juu.
Cheka wewe uliyekaa, yeye hachezi kwa ajili yako;
kila kisigino chini, ni mlango wa mwanawe huko."

Barney alisimama katikati ya jukwaa, pindo mkononi, hajui afanye nini. Kwa mwendo ule wa polepole hakuna cha kuchekesha kilichobaki. Alionekana tu mtu mzima aliyevishwa nguo za mama wa mtu.

Na Oralia akausikia wimbo. Alikuwa anausikia kwa mara ya kwanza. Alitafuta mzaha ndani yake, neno kwa neno, akitaka aupate ili aendelee kumchukia kwa amani. Hakuupata. Hasira yake haikupungua, ilimwacha Mendel ikahamia pale ilipostahili, kwenye kile kiti cha mwongozaji.

Akatoka mstarini. Akampita Barney, akashika marinda ya gauni lake la kijani, akainua pindo. Akacheza ngoma ya Jalisco yote, kama alivyofundishwa jikoni kwao, visigino vikigonga mbao mpaka vyungu vya maua vikatikisika, macho yamemkazia Pruitt.

"Kata!" Pruitt akapiga kelele. "Kata! Zimeni!"

Vibandani hawakusikia. Taa ilikuwa kijani, wakaendelea kupiga. Pruitt akakimbilia swichi mwenyewe, akajikwaa kwenye waya, akaanguka kifudifudi na suruali yake nyeupe, na hayo pia yakapigwa picha, kwa rangi. Ilipofika taa nyekundu filamu ilikuwa imekwisha.

"Nje! Wote wawili! Nitahakikisha mji huu hamfagii hata vyoo vyake!"

"Hunikumbuki?" Oralia alimuuliza. Alikuwa anahema. "Kumbuka vizuri. Miaka ile, msichana na mama yake. 'Na wewe, mama, huchezi?' Mjinga aliyemfanyia hivyo unamjua? Ni wewe."

Pruitt alimtazama, na ilikuwa wazi kabisa kwamba hakukumbuka kitu. Oralia akamtemea miguuni, akatoka.

Yaliyofuata waliyasikia baadaye kwa wasichana wenzake Oralia. Filamu nyingine iliwekwa, mpiga piano mwingine akaletwa, bendi ikapiga mbio. Hatua nne. Ilipofika pa kucheka, hakuna msichana aliyecheka. Wakarudia. Hatua nne, kimya, viatu tu. Pruitt akatukana, akabembeleza, akatukana. Kicheko huwezi kumng'oa mtu kwa nguvu kama jino. Jua lilipoinama lori la kamera likaja, likachukua kamera zake, likaondoka.

*

Nje ya lango Mendel alikuwa amekaa ukingoni mwa barabara. Oralia akasimama mbele yake, rangi ya chungwa imemchuruzika mpaka shingoni.

"Wimbo ni mzuri," akasema.

"Asante."

"Usinishukuru. Bado nina hasira na wewe."

"Mpaka lini?"

"Sijui. Ni nyingi."

"Basi olewa na mimi, uwe unanikasirikia nyumbani. Huku barabarani unajichosha bure."

"Nyumbani kwako wapi, wewe? Umefukuzwa kazi sasa hivi."

"Na wewe pia. Tunalingana."

Alitaka kumpiga kofi, akacheka, akalia, yote pamoja, kisha akakaa kando yake. "Neno langu nitakupa nikishaongea na mama," alisema. "Kwanza sijui nitamdanganya nini."

Hakupata nafasi ya kudanganya. Mama Eulalia aliwatazama wawili hao mlangoni, mmoja amechuruzika, mwingine amekunjamana, akaweka pasi chini.

"Ni ile ngoma yangu," akasema. "Wameifanyia mzaha, nanyi mmegombana nao."

"Mama... nani amekuambia?"

"Huyu alipoliangalia gauni jana alishindwa kumeza, na minong'ono yenu ya ngazini niliisikia. Mimi si mtoto." Akavuta kiti akakaa. "Oralia, wewe uliona siku ile nilichekwa, ukaniacha nisimulie miaka yote hii."

"Nilidhani hujui."

"Sijui? Mtu hajui anapochekwa? Nilijua tangu hatua ya kwanza! Ningeacha, wangetutoa nje sote wawili, na wewe ungerudi kufua nguo za watu pamoja nami. Nikacheza. Nilicheza kwa hasira, mwanangu. Kila kisigino nilikuwa nawakanyaga nyuso. Halafu nikasimulia vile, kila siku, ili wewe usione aibu kwa kazi uliyoipata."

Oralia akapiga magoti, akaweka kichwa kwenye mapaja ya mama yake. Mendel alikuwa amegeukia ukuta, akijipangusa kwa mkono wa koti.

"Na huyu anayelia ukutani," mama akauliza, "anataka nini?"

"Anataka kunioa."

"Unamtaka?"

"Nina hasira naye."

"Sikuulizia hasira."

"Namtaka," Oralia akasema, uso bado umefichwa.

*

"Tucheke Wenyewe" ilifunguliwa mtaa wa Broadway miezi michache baadaye, kwa taa na mabango. Mama Eulalia alisisitiza waende. Alivaa gauni la buluu, maua pindoni, akakaa safu ya mbele kati ya binti yake na mkwewe.

Sinema ilikuwa ya chungwa na kijani, saa nzima na zaidi. Wasichana wakainua miguu. Barney Oakes akaanguka kwenye keki. Ngoma ya mama haikuwamo. Kisha akaja yule mwongozaji mwenye huruma, akamwona yatima mlangoni mwa studio, akaangua kilio, vinanda vikalia naye, na ukumbi wote ukatoa vitambaa.

Mama Eulalia akacheka. Alicheka kutoka tumboni, kichwa nyuma, makofi kwenye mapaja. "Ongeza, bwana!" akaiambia sinema. "Ongeza!"

Watu wakageuka. Mlinzi wa ukumbi akaja na tochi yake, akaimulika ile buluu, akainama.

"Mama, tafadhali. Hapo si pa kucheka."

Mama Eulalia akapekua mkobani, akatoa kipande cha tiketi, akamwekea kiganjani.

"Mimi walinicheka bure," akasema. "Kuwacheka wao nimelipia. Kaa kando, sioni."

Oralia akaanza kucheka, kisha Mendel, na mlinzi akabaki ameshika tiketi na tochi mpaka yatima alipopata kazi.